Nani Alikula Katikati ya Makaroni

"Wewe niambie kwanza ni nani alikula katikati," Seline alisema. Alikuwa ameinua kipande kimoja cha makaroni mpaka kwenye mwanga wa mlango, jicho moja amelifumba, na kwa lile lingine alichungulia kwenye tundu kama fundi anayekagua bomba. "Hata Maximilla namwona upande wa pili. Chakula gani hiki, mtu anamwona jirani yake akiwa ndani?"

"Mama, hakuna aliyekula. Yanatengenezwa hivyo hivyo."

"Na nani? Mtu mwenye akili zake akae chini atengeneze chakula, halafu asahau kuweka chakula? Hapana, nyar Bukusu. Wao walikula nyama ya ndani, sisi watu wa mafuriko tukaletewa maganda."

"Basi kula maganda."

"Sili."

"Jana hukula."

"Na leo sili. Ama unataka nikuimbie ndiyo usikie?"

Agneta, huyo nyar Bukusu, yaani binti wa Kibukusu, aliinama kupuliza makaa ili mama mkwe wake asimwone uso. Ugomvi huu ulikuwa umeanza kabla ya Jumapili, sasa wiki ilikuwa imefika katikati, na kila siku uliamka ukiwa na nguvu kuliko yule mama mwenyewe. Jana, alipokuwa akimnawisha, Agneta aliona bangili ya shaba ikiteleza kutoka kifundoni mwa mkono wa Seline hadi kwenye kiwiko, bila kugusa kitu njiani.

Kibanda walimokuwa kilikuwa jiko la Maximilla Nabwire, mjane kutoka upande wa Busia aliyekuwa akiuza omena, wale dagaa wa ziwani, hapo mtaani Nyalenda. Seline hakulala kwa mwanawe. Kwa Wajaluo mzazi halali chini ya paa la mwanawe aliyeoa. Afadhali alale na fisi, maana fisi hana mwiko wa kuvunja. Walter na Agneta walikuwa na chumba kimoja, kitanda nyuma ya pazia, na siku Walter alipomleta mamake kutoka Kano akiwa amemkalisha juu ya keria ya baiskeli, Seline aliketi mlangoni pao na furushi lake mapajani mpaka jua likatua. Giza lilipoanza kuingia akatoka kizingitini, akasimama uani kwenye mvua, akangoja watu wazima wafikiri. Aliyefikiri ni Maximilla. Alisukuma magunia yake ya omena upande mmoja wa jiko, akatandika godoro upande wa pili, akasema, "Mama, lala hapa, samaki hawakoromi."

Tangu siku hiyo Seline alinuka omena kiasi kwamba paka wa Nyalenda nzima walikuja kumwamkia asubuhi. Yeye mwenyewe alisema walikuwa wakimwita mama, na kwamba mmoja, yule mwekundu aliyekatika mkia, alimwomba radhi kabla ya kuoa.

Kulala kwa jirani Agneta alikuelewa. Kwao Bungoma pia mkwe na mkwe wana mipaka yao, hakuna haja ya kubishana. Kukataa kula ndiko kulikomshinda, kwa sababu huko hakukuwa mwiko wowote. Kulikuwa hesabu za Seline mwenyewe, na alizieleza bila kuficha kwa kila aliyeingia kununua omena.

"Nikila nitanenepa. Nikinenepa watasema, ona, mama amezoea mji. Wakisema nimezoea, Walter atatundika baiskeli yake ukutani alale usingizi. Mimi nataka nyumba isimame kule Kano, kwenye boma la mume wangu. Iwe ya miti minne na bati moja, sijali. Mjane analazwa ndani ya nyumba yake kabla ya kuzikwa. Mimi nikifa leo watanilaza wapi? Juu ya kichuguu na kunguru?"

Na nyumba kweli haikuwapo. Mvua ya El Nino ilinyesha mwaka ule mpaka vyura wenyewe wakaanza kutafuta mahali pakavu. Mto Nyando ulipotoka kwenye kingo zake haukubisha hodi. Ulizunguka nyumba ya Seline, ukakaa nayo kama mgeni asiyejua kuaga, na asubuhi moja nyumba ikaenda chini jinsi ng'ombe anavyolala, miguu ya mbele kwanza. Seline alisimulia kwamba kuku wake waliondoka juu ya paa la ghala, jogoo akiwa mbele, na kwamba hakuna hata mmoja aliyegeuka kumpungia bawa. Alisimulia kwamba kiboko aliingiza kichwa mlangoni, yeye akamwambia karibu, kiboko akatazama huku na huku, akaona hakuna pa kukaa, akaenda zake kwa adabu. Watu walicheka. Usiku Maximilla alimsikia akihesabu vyombo vilivyobebwa na maji, kimoja kimoja, kwa majina.

Sasa, asubuhi hiyo Walter alikuwa ameondoka kwenda Ahero na kuingia ndani hadi kwao, kuona kama maji yamepungua kiasi cha kuchimba shimo la nguzo. Angerudi jioni. Seline alikuwa amesema mbele ya mashahidi: "Akisema nyumba itajengwa, nitakula hata mawe, mradi yawe na chumvi." Akisema haitajengwa, Seline hakueleza itakuwaje. Alivuta tu kitambaa chake cha kichwani mbele, kikafunika macho.

Lakini Agneta alikuwa ametoka sokoni. Wanawake waliokuwa wamekuja na mchicha kutoka upande wa Ahero walimwambia jinsi maji yalivyokuwa bado yamesimama, hata mpunga wa skimu ya umwagiliaji ulikuwa hauonekani, na kwamba kwenye mashamba ya chini kule kwa kina Walter kambare walikuwa wakipita juu ya makaburi. Hakumwambia mtu. Alinunua karoti na kitunguu, akarudi. Alilotaka lilikuwa moja tu: supu iingie tumboni mwa yule mama kabla Walter hajafika. Baada ya jibu la Walter mdomo ule usingefunguka tena, na Agneta alikuwa ameshasikia kichwani watu wakisema kwenye matanga ambayo hayajawekwa, wakisema polepole wakiwa na vikombe vya chai mkononi, kwamba mke wa Kibukusu alimnyima mama mkwe chakula hadi akakauka. Hilo lilimuuma. Lakini ile bangili kwenye kiwiko ilimuuma zaidi.

"Lete hicho kipande," alisema. "Ni chakula, si darubini."

Seline alikifuta kwanza kwenye gauni, akamrudishia.

"Mama Walter," Maximilla alisema kutoka kwenye magunia yake, alikokuwa akichambua omena na kutupa vijiti, "mwelezee Agneta ile ya kinu. Hakuwapo."

"Ya kinu ameisikia."

"Hakusikia ya mwiko."

Seline alikohoa kidogo, jinsi mtu anavyokohoa kabla ya kupewa kiti cha mbele. "Tulipopewa haya makaroni kambini, pale shuleni, kila mtu na boksi lake, hakuna aliyetuambia yanafanywa nini. Padri mwenyewe alisema, yabarikiwe, akapanda gari. Mimi nikayatazama. Nikasema, kitu kigumu, cheupe, kikavu, hiki ni mahindi ya ng'ambo. Nikawakusanya wanawake, tukapeleka yote kwa Absalom mwenye kinu pale Ahero. Absalom akauliza, Mama, hii ni mifupa ya nini? Nikamwambia saga, wacha maswali."

"Ikasagika?" Agneta aliuliza. Alikuwa akikata kitunguu kwenye kiganja, kisu kikienda harakaharaka.

"Ilisagika vizuri sana. Unga mweupe hujawahi kuona. Tukasema leo ni leo, watoto watakula kuon ya kweli." Kuon ndiyo ugali, na kwa Seline hakukuwa na kula pasipo hiyo, mengine yote yalikuwa ni kutafuna kwa mazoezi. "Maji yakachemka. Nikamwaga unga. Nikazungusha mara ya kwanza, ikakubali. Nikazungusha mara ya pili, ikanishika mwiko. Nikavuta. Sufuria nayo ikaja. Akaja mama mmoja kunisaidia, naye akashikwa. Tulikuwa mstari wa wanawake kutoka jikoni mpaka darasa la saba, tunavuta. Miaka yote naambiwa mwiko, mwiko, usivunje mwiko. Siku hiyo ndiyo nilijua mwiko hauvunjiki."

Maximilla alicheka hadi omena zikamwagika mapajani. Agneta naye alicheka, lakini jicho lake lilikuwa kwa mama mkwe, na aliona kwamba baada ya maneno yale machache Seline alikuwa ameegemea ukuta wa bati na kifua chake kikipanda na kushuka kama cha ndege aliyeshikwa mkononi.

"Na mkala nini?" Agneta aliuliza.

"Tulilala. Nikamwambia Walter abebe ule ugali akazibie matairi. Alikataa. Fundi wa baiskeli gani anakataa gundi?"

Makaa yalikuwa yameshika. Agneta aliweka sufuria, akatia kijiko cha siagi, siagi ikazunguka, akamwaga kitunguu. Supu hii aliifahamu tangu alipokuwa msichana wa kazi mtaa wa Milimani, kwa mwalimu mmoja mzungu aliyekuwa akirudi jioni amechoka, hataki nyama wala wali, anataka kitu cha haraka cha kunywa kwa kijiko huku ameweka miguu juu ya stuli. Mwalimu alikiita chakula cha mvivu. Agneta aliosha ile sufuria miaka mingi, na kabla ya kuiosha aliikomba kwa kidole, basi mkono wake ulikuwa umekariri.

Karoti aliikata ndogo ndogo, ndogo kuliko alivyofundishwa, kwa sababu ya meno ya Seline, ambayo yalibaki machache na hayakuelewana. Akanyunyiza unga wa ngano kidogo juu ya kitunguu, akakoroga mpaka ukanukia kama biskuti. Halafu maji, kidogo kidogo, huku akikoroga asije akapata mabonge. Yalipochemka akatia makaroni papo hapo. Hapo ndipo siri: makaroni yaive ndani ya supu yenyewe, maji yake yasimwagwe, maana unga unaotoka ndani yake ndio unaofanya uzito.

"Hivyo tu?" Maximilla aliuliza. "Hakuna kusonga?"

"Hakuna."

"Basi hiyo si kupika. Hiyo ni kungoja."

"Mimi nimengoja tangu Novemba," Seline alisema, "na hakuna kilichoiva."

Mvua ilianza tena juu ya bati, si kubwa, mvua ile ya kunong'ona. Wote watatu waliinua macho kwa wakati mmoja, wakayashusha.

Agneta alipiga maziwa ya unga kwenye kikombe na maji vuguvugu, hayo nayo yalikuwa ya msaada, akayapiga mpaka yakatoa povu. Akasogeza makaa pembeni ili moto upungue, kwa sababu maziwa yakikutana na moto mkali hukatika. Akamimina. Supu ikageuka nyeupe, kisha ikawa rangi ya malai, ikaanza kububujika polepole, mapovu makubwa ya kivivu. Maximilla aliinuka bila kuombwa, akatoa nyuma ya magunia chupa ndogo ya samli aliyokuwa ameiweka kwa ajili ya Krismasi iliyokwisha kupita, akaikung'uta mara moja juu ya sufuria.

Harufu ikabadilika. Samli na maziwa juu ya moto, hiyo ni harufu ya mboga ya Kano, kunde zinazolazwa na maziwa kwenye chungu siku mbili tatu hadi zinalainika. Agneta alimwona Seline akigeuza pua kabla ya kugeuza uso.

"Mmetia nini humo?"

"Maganda," Agneta alisema.

Seline alinusa tena. Halafu akasema, "Harufu si kuon."

"Sijasema ni kuon."

"Mtu hawezi kumfuata mume wake kaburini na supu ya mtoto mchanga tumboni. Atauliza, Seline, huko ulikuwa ukinyonya?"

"Mwambie ulikuwa mjini."

"Hapo ndipo atanirudisha." Akakunja miguu chini ya gauni. Kisha, kama mtu anayefanya biashara ambayo hana haja nayo, alisema, "Nyinyi Wabukusu shida yenu hamjui uongo. Mtu akikaa na nyinyi jioni, usingizi unampata mapema. Wewe nyar Bukusu, tangu uolewe na mwanangu, hujanidanganya hata mara moja."

"Ni vibaya?"

"Inachosha. Haya. Nitakula kijiko kimoja kwa kila uongo utakaonichekesha. Wangu hauhesabiki, huo nimeuzoea. Wako."

Agneta alimtazama Maximilla, Maximilla akatazama paa. Agneta hakuwa mtu wa maneno. Nyumbani kwao aliyesema mengi alipewa jembe. Alipakua supu kwenye bakuli la enameli, akaketi mbele ya godoro, akashika kijiko, akafikiri kwa nguvu hadi jasho likamtoka.

"Kwetu Bungoma kuna sungura mkubwa kama mbuzi."

"Huyo nimemwona," Seline alisema. "Mwingine."

"Kwetu kuna mtu alikuwa na ndevu..."

"Za kufika magotini. Alinitaka nikamkataa. Mwingine."

Kijiko kilikuwa kinapoa. Nje mtu alipita kwenye matope, chwapu chwapu, Agneta akageuka kutazama mlango, lakini nyayo zikaenda mbele, zikapotea. Aliangalia bakuli. Makaroni yalikuwa yamenenepa ndani ya maziwa, matundu yamejaa.

"Mama," alisema, "kwetu makaroni yanapandwa."

"Aa."

"Yanapandwa kando ya mto Kuywa. Yakikomaa yanasimama wima kama mianzi. Upepo ukipita, unaingia kwenye matundu, basi shamba lote linapiga filimbi. Ndiyo maana mlinzi wa shamba la makaroni lazima awe kiziwi. Asiye kiziwi anakesha akicheza, asubuhi wezi wamebeba kila kitu, naye anawapigia makofi."

Pembe moja ya mdomo wa Seline ilisogea. Aliizuia. Ikasogea tena. "Na walevi?" aliuliza.

"Walevi wanakatazwa kupita, kwa sababu shamba likiwaona linabadilisha wimbo."

Seline alitoa sauti, si cheko kamili, ni kama kifuniko cha sufuria kinavyoinuliwa na mvuke. Akafungua mdomo. Agneta akaingiza kijiko upesi kabla mkataba haujabadilishwa. Makaroni yalikuwa laini, hayakuhitaji meno. Seline aliyasukuma kwa ulimi upande huu na upande ule kama anayetafuta jiwe kwenye wali. Akameza. Koo lake lilifanya kazi ile waziwazi, mtu angeweza kuona kitu kikishuka.

"Haina chumvi," alisema.

Maximilla alitia chumvi.

"Sasa mimi," Maximilla alisema. "Mimi nina wa Dunga."

"Wako hauhesabiki. Wewe unauza samaki, uongo ni mshahara wako."

"Huu ni wa bure. Mama Walter, unajua yale magugu maji yalivyofunga ziwa. Mashua haitoki, wavu hauzami, wavuvi wa Dunga wamekaa wanacheza bao. Basi mmoja akaona, haya magugu yameshikana vizuri kuliko ukoo wangu, nitajenga choo juu yake. Akajenga. Choo kizuri, na mlango. Siku ya kwanza akaingia, akafunga. Upepo ukavuma kutoka nchi kavu. Alipofungua mlango kutoka, watu wa ng'ambo ya ziwa wakamwambia, karibu Homa Bay."

Seline alicheka. Alicheka cheko lake la zamani, la kuinamisha kichwa na kupiga goti, hadi likageuka kikohozi na Agneta akamshika mgongo, akahisi chini ya gauni mifupa kama vijiti vya kapu. Aliposhika pumzi yake alifungua mdomo mwenyewe, akasubiri, jinsi ndege mdogo anavyosubiri. Kijiko kikaingia. Na kingine. Hicho cha tatu hakikuwa kwenye mkataba, wala vilivyokifuata. Bakuli lilikuwa limeshuka hadi kwenye ua la buluu lililochorwa ndani yake, na Agneta alianza kuwa na kitu kifuani ambacho alikiogopa, akajizuia kukipa jina.

"Choo juu ya magugu," Seline alisema, akipangusa kidevu. "Kumbe inawezekana kujenga juu ya maji."

Maximilla aliacha kuchambua.

"Labda ndiyo yangu hiyo," Seline alisema. "Mniwekee miti minne juu ya magugu. Nikifa upepo utanipeleka. Mume wangu akinitafuta Kano akose, akinitafuta Seme kwa baba yangu akose. Aulize samaki." Hakuwa anacheka tena. Alikuwa akiangalia mlango wa gunia, ambao ulikuwa ukipumua kwa upepo. "Mtu anayelala kwa watu ni mgeni. Hata akifa bado ni mgeni. Wataniosha wakiwa wananiuliza, Mama, utaondoka lini?"

"Kula, Mama."

"Nimekula uongo wote. Umeniishia."

Agneta aliangalia chini kwenye bakuli. Supu ilikuwa imeanza kuwa nzito, inavyofanya ikikaa. Juu ilikuwa imeweka ngozi nyembamba. Alijua hapo ndipo angeweza kumpoteza. Aliivunja ngozi kwa kijiko, akachota, akasema lile lililokuwa karibu zaidi, bila kulipima. "Walter anakuja sasa hivi. Atasema ardhi imekauka. Atasema amepima mahali pa nguzo, na kabla ya Pasaka utakuwa umelala kwako."

Mvua juu ya bati. Maximilla alijifanya anafunga gunia ambalo lilikuwa limeshafungwa.

Seline alimwangalia mkwe wake kwa muda mrefu, macho yake madogo yakipita juu ya uso ule kama mkono wa kipofu. Kisha akatingisha kichwa taratibu, jinsi mnunuzi anavyotingisha kichwa kwa kitu kizuri ambacho hatakinunua.

"Huo," alisema, "ndio mkubwa kuliko wote. Nyar Bukusu, umejifunza."

"Si uongo, Mama. Ni..."

"Usiuharibu. Lete."

"Hujacheka."

"Nacheka ndani." Alifungua mdomo. Agneta alisukuma kijiko haraka mno na supu ikadondoka kwenye gauni, Seline akaipangusa kwa kidole akailamba, akaweka kidole juu ya mkono wa Agneta kuutuliza, kijiko kikafika. Alimeza. "Ukweli uliusikia wapi? Sokoni?"

Agneta alikwangua ukingo wa bakuli kwa kijiko.

"Wanawake wa mchicha," Seline alisema. "Wale hawajui kunyamaza. Na mimi pia walinipitia hapa asubuhi, wakinunua omena. Waliniambia ya makaburi."

"Na hukusema?"

"Ningesema nini? Nilitaka Walter aende tu. Mtu akiwa njiani, bado kuna njia." Alivuta bakuli karibu, akachungulia ndani, akalirudisha kwa Agneta. "Sasa sikiliza. Akija, atakuwa na uso wa baba yake, ule wa kuomba msamaha kabla hajakanyaga mtu. Usimwache aanze yeye. Hajui uongo, alichukua upande wako. Wewe mwambie kwamba mimi nimesema kama nyumba haiwezi kusimama, basi wao watafute..."

"Watafute nini, Mama?"

"Ngoja nimeze." Aliufungua tena mdomo, na Agneta akachota kijiko kilichojaa, makaroni mawili na kipande cha karoti, akakiinua.

Gunia la mlangoni likasukumwa. Kilichoingia kwanza ni mbao, mbao mbili za buluu zilizopigwa misumari pamoja, na bamba la kopo la mafuta ya kupikia likiwa limezibia chini, na bawaba moja ikining'inia. Ulikuwa mlango wa nyumba ya Seline, wenyewe tu, bila nyumba. Ulikwama kwenye nguzo za kibanda, ukageuzwa ubavu, ukakwama tena. Nyuma yake Walter alisimama mvuani, nguo zimelowa matope hadi kifuani, kipande cha gugu kimemng'ang'ania begani, mikono yote miwili imeushika mlango ule kwa sababu hakuwa na mahali pa kuuweka.

Seline alifunga mdomo. Kijiko cha Agneta kilibaki hewani.